Mkoromo wa aliyezidisha heroini si usingizi: maswali na majibu

Haya ni maswali ambayo ndugu wa wagonjwa hutuuliza sisi wauguzi wa Mtwara, na wengi wao huyauliza wakati mgonjwa ameshakata roho. Nayajibu hapa ili yafahamike mapema, majumbani na vijiweni.

Kuzidisha dozi ni nini?

Ni kutumia dawa kuliko mwili unavyoweza kustahimili. Heroini, ambayo vijana huiita unga, hulegeza sehemu ya ubongo inayoendesha upumuaji, hivyo ikizidi pumzi hupungua na hatimaye hukoma. Tramadoli, dawa ya maumivu ambayo wengine huitumia kulewa, huua kwa njia hiyo hiyo. Pombe, iwe uraka au gongo, ikichanganywa na unga huharakisha kifo.

Alikuwa anakoroma vizuri tu. Tungejuaje kwamba yuko hatarini?

Mkoromo huo ndio hatari yenyewe. Ulimi na koo vimelegea, hewa inapita kwa shida, na ubongo haumwamshi tena. Mwiteni kwa jina kwa sauti kubwa, kisha msugueni mfupa wa katikati ya kifua kwa vifundo vya vidole. Aliyelala ataamka na pengine atawafokea. Asiyeamka, anayevuta pumzi moja moja kwa kuchelewa, ambaye mboni za macho zimesinyaa zikawa nukta, na ambaye midomo au kucha zimegeuka rangi ya kijivu, huyo anakufa mbele yenu. Naomba sana tuache desturi ya kumfunika shuka na kufunga mlango ili "alale mpaka itoke". Haitoki kwa kulala. Wengi wa tunaoletewa alfajiri walikoroma tangu usiku, na nyumba nzima ilisikia.

Je, tusimsubiri mjomba aamue?

Natambua nafasi ya mjomba katika koo zetu za Kusini, na sina nia ya kuipunguza. Lakini apigiwe simu mgonjwa akiwa njiani, kwa kuwa mtu asiyepumua anaweza kuharibika ubongo ndani ya dakika chache, na mjomba huyo mara nyingi yuko shambani Newala au Tandahimba.

Maziwa, maji ya chumvi au kumwagia maji baridi havisaidii?

Hapana. Asiyejitambua hawezi kumeza, kwa hiyo maziwa huishia kwenye mapafu. Maji ya chumvi, hata wanaomchoma nayo kwenye mshipa, hayaiondoi heroini. Kumpiga vibao na kumtembeza uani ni kupoteza muda uleule ambao angekuwa ameshafika hospitali.

Kama pumzi ni chache au zimekoma, mlazeni chali, inueni kidevu, mzibeni pua, mpulizieni hewa mdomoni pumzi moja kila baada ya sekunde tano hivi, huku mwingine akitafuta gari au bajaji. Kama anapumua mwenyewe, mlazeni kwa ubavu ili matapishi yasimpalie. Msimpakie bodaboda mshikaki akiwa amebanwa katikati na kichwa kimening'inia kifuani, maana mkao huo unaziba njia ya hewa.

Tukisema ukweli, si tutakamatwa?

Hofu hii imetuzikia vijana wengi. Ninapouliza ametumia nini, nataka kujua dawa ya kumpa. Ndugu anaposema ni malaria au kifafa, tunaanza kutibu kitu kingine, na muda unakwisha.

Atapewa nini?

Ipo dawa iitwayo naloksoni, ambayo huiondoa heroini mahali inaposhika katika ubongo na kurudisha pumzi. Mwaka 2014 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza hata watu wanaoishi na watumiaji waweze kuipata. Nguvu yake hudumu kati ya dakika 30 na 90, kisha heroini iliyobaki mwilini inaweza kumzimisha tena. Kwa hiyo akifumbua macho msimtoroshe wodini, hata akiwatukana.

Hili si tatizo la Dar es Salaam?

Mwaka 2012 zaidi ya kilo 200 za heroini zilikamatwa hapa jirani, Lindi. Pwani yetu iko katika njia ya majahazi yanayobeba shehena hiyo. Duniani, vifo vinavyotokana na dawa za kulevya vilikadiriwa kufika 600,000 mwaka 2019, na karibu asilimia 80 vilihusiana na jamii ya heroini.

Tulimfungia ndani wiki mbili, arosto, yaani maumivu ya kukosa unga, imekwisha. Amepona?

Hajapona, na sasa yuko katika hatari kubwa kuliko awali. Mwili umeshasahau kustahimili, ilhali yeye anakumbuka kipimo chake cha zamani. Akipata fedha, pengine za malipo ya korosho, akarudia kipimo kile, kinamuua. Hali ni hiyo hiyo kwa anayetoka gerezani au soba hausi, nyumba za kuwasaidia watumiaji kuacha.

Tiba yenye ushahidi ni metadoni, inayonywewa kila siku mbele ya mhudumu, ambayo huondoa arosto na hupunguza vifo. Ilianza kutolewa Muhimbili Februari 2011, ikaenea mikoa mingine, na haitozwi fedha. Hospitali ya rufaa ya mkoa, Ligula kwa Mtwara au Sokoine kwa Lindi, iulizwe kituo cha karibu. Mtarajie miezi mingi, hata miaka, ya kunywa dozi kila siku. Anayekatishwa na ndugu kwa sababu "amenenepa, ameshapona" hurudi katika hatari ileile ya kukoroma usiku bila mtu kumwamsha.