Pinar Toprak hakuzuka ghafla

Tangu 2019, Pinar Toprak alipokuwa mwanamke wa kwanza kutunga muziki wa filamu ya Marvel Studios, Captain Marvel, wengi wanaamini Mturuki huyu aliibuka ghafla, tena kwa bahati. Si kweli, na inaniudhi, maana inafuta miaka mingi ya jasho.

Alizaliwa Istanbul 1980, akaanza kusoma muziki utotoni kwenye chuo cha muziki hukohuko. Akiwa kijana mdogo alikwenda Marekani, akasoma utunzi katika chuo cha muziki cha Berklee, Boston, kisha akachukua shahada ya uzamili California. Akatunga muziki wa The Lightkeepers ya 2009, filamu ambayo wengi hawajaisikia, halafu muziki wa nyongeza katika Justice League ya 2017, kazi ambayo jina kubwa kwenye bango ni la mtu mwingine.

Hata Captain Marvel hakupewa mezani. Alishindania nafasi hiyo, na badala ya kutuma sampuli ya muziki uliotengenezwa kwa kompyuta peke yake, alirekodi na okestra ya watu halisi. Bahati gani hiyo?