Je, wajua kwa nini taarifa ya habari ya uongo huchekesha?

Mtangazaji kavaa suti, muziki wa taarifa umeshapigwa. Anasema mjusi wa Tendaguru, yule dinosaria, ameandika barua Lindi kuomba nauli ya kurudi nyumbani kutoka Berlin. Hacheki. Anatupeleka stendi kwa mwandishi mwenye kipaza sauti, ambaye anathibitisha kwamba basi halijafika. Kibanda umiza kizima kinaangua kicheko.

(Mjusi mwenyewe si uongo. Mifupa yake ilichimbwa na Wajerumani kati ya 1909 na 1913, na hadi leo imesimamishwa kwenye makumbusho Berlin.)

Isimulie barua hiyo kijiweni, watu watatabasamu tu. Kicheko kinatokana na namna inavyoletwa. Sauti ile, tai ile na meza ile tumezoea zituletee bajeti, ajali na bei ya korosho mnadani, kwa hiyo sikio linajiandaa kupokea jambo zito, halafu unaingia upuuzi. Ndiyo maana mwigaji hodari habinyi uso wala kukonyeza. Watani wa kusini wanaijua siri hii: yule anayeshuka kaburini na kugoma kutoka mpaka alipwe hudai hela yake kwa uso mkavu kabisa.

Monty Python's Flying Circus, vichekesho vya runinga vya Uingereza vilivyoanza BBC mwaka 1969, vilimketisha mtangazaji kwenye meza yake huko nje porini, naye akatangaza kama kawaida, hana habari.

Lakini mtazamaji asipolijua jambo lenyewe, hacheki, anaamini. Tarehe 1 Aprili 1957, kipindi makini cha BBC, Panorama, kilionyesha familia ya Uswisi ikivuna tambi mtini. Wakati huo tambi hazikuwa chakula cha kila siku Uingereza, na msimulizi, Richard Dimbleby, alikuwa mtu wa kuheshimika. Baadhi ya watazamaji walipiga simu kuuliza mti huo hupandwaje.

Tangaza Newala kwamba korosho huchimbwa kama muhogo, hata mtoto atacheka. Itangaze ugenini, wapo watakaoandika kwenye daftari. Waambie basi ukweli, kwamba huota nje ya tunda lake, ikining'inia chini ya bibo, moja moja: hapo ndipo watakapodhani unawatania.