Fidia ya ardhi: unachostahili Serikali inapotwaa eneo lako

Fidia ya ardhi ni malipo anayostahili mmiliki pale Serikali inapochukua eneo lake kwa manufaa ya umma, kama barabara, reli, hospitali au uwanja wa ndege. Maelezo haya ni ya Tanzania Bara, ambako ardhi yote ni mali ya umma na Rais ni mdhamini wake.

Wengi wakisikia hilo hudhani kinacholipwa ni nyumba na miti tu, na mwenye shamba lisilo na jengo hana lake. Si kweli. Ibara ya 24 ya Katiba ya mwaka 1977 inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila sheria inayoweka masharti ya fidia inayostahili. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani ilitamka kwamba hata ardhi inayomilikiwa kimila ni mali inayolindwa na ibara hiyo, na kwamba aliyeitolea jasho anastahili fidia hata kama hajajenga kitu juu yake. Kwa hiyo mwanakijiji anayelima shamba aliloachiwa na babu yake asikubali kuambiwa "huna hati, huna chako".

Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote za mwaka 1999, zinataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Ukamilifu wake umefafanuliwa katika kanuni za mwaka 2001, na hapa ndipo watu wengi hupunjika kwa kutojua. Kwanza kuna thamani ya soko ya ardhi yenyewe pamoja na maendelezo yake: nyumba, kisima, uzio, mazao ya kudumu. Bei ya soko hupatikana kwa kuangalia maeneo yanayofanana yaliyouzwa karibuni, ndiyo maana mikataba ya mauziano ya majirani ina uzito mkubwa.

Juu ya hapo huja posho. Ya usumbufu hupigwa kwa wastani wa riba ya amana za muda maalumu (fedha zinazowekwa benki bila kuguswa) za miezi 12 katika benki za biashara. Tuseme mali yako imethaminiwa shilingi 20,000,000 na wastani huo ni asilimia 7: posho ni 1,400,000. Ya makazi ni kodi ya mwezi mara miezi 36. Nyumba ambayo ingepangishwa kwa 150,000 inakupa 5,400,000. Mwenye biashara hulipwa faida halisi ya mwezi, nayo mara 36, kwa hiyo mama mwenye duka asiye na daftari la mahesabu yuko hatarini kuandikiwa faida ndogo kuliko anayoipata. Usafiri huhesabiwa kwa gharama ya kuhamisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20. Eneo ambalo halikuwa likitumiwa na mtu halipati posho ya makazi, ya usafiri wala faida iliyopotea. Makaburi yana sheria yake tangu mwaka 1969, na gharama za kuyahamisha hulipwa kando.

Siku ya uthamini ndiyo siku ya kuwa makini kuliko zote. Mthamini anapita, anapima, anahesabu minazi na miembe, anapiga picha, anajaza fomu, kisha anakupa usaini. Uwepo wewe mwenyewe, au mtu wa familia anayeyajua mazao na mipaka. Zungukeni pamoja, hesabu naye mti kwa mti, soma fomu yote kabla ya kuweka saini au dole gumba, na ubaki na nakala. Mche ulioachwa nje ya fomu ni kazi ngumu kuurudisha baadaye. Taarifa ya mthamini hupelekwa kwa Mthamini Mkuu wa Serikali ili aiidhinishe.

Kwenye barabara kuu na za mikoa, rangi ya alama ya X ukutani ina maana kubwa. X nyekundu inamaanisha umejenga ndani ya hifadhi ya barabara, yaani eneo la pembeni lililotengwa kwa ajili ya barabara, hivyo hulipwi. X ya kijani huwekwa kwa aliyekuwepo kihalali kabla Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 haijapanua hifadhi hadi mita 30 kila upande kutoka katikati ya barabara. Huyo analipwa.

Kuhusu muda, sheria ya uthamini ya mwaka 2016 haina utata. Uthamini ukishaidhinishwa, malipo yafanyike ndani ya miezi 6. Yakichelewa, riba huanza kuhesabiwa. Ikipita miaka 2 bila malipo, uthamini huo umekufa na lazima ufanyike upya kwa bei za wakati huo. Naliona hili ni kinga muhimu sana, maana familia iliyozuiwa kuendeleza eneo lake ikisubiri malipo hubaki na nyumba inayovuja na shamba isilothubutu kupanda mazao ya kudumu, huku bei za viwanja zikipanda kila mwaka.

Usiporidhika na kiasi, anza kwa kuandika barua ya malalamiko kwa mamlaka inayotwaa na kwa ofisi ya ardhi ya halmashauri, ukiambatisha nakala ya fomu yako na mikataba ile ya majirani. Mkishindwa kuelewana, mgogoro wa kiasi cha fidia unapelekwa Mahakama Kuu.