Zimwi la Gunia Linatosha

Vijana wa Mtwara wanaotaka kutengeneza filamu fupi za kutisha huambiwa: bila vazi la zimwi la bei mbaya, msijisumbue. Si kweli. Mwaka 1974, wakati wa kupiga filamu ya Jaws, papa wa mashine aliharibika mara kwa mara baharini, mwongozaji Steven Spielberg akalazimika kumficha, na hofu ikazidi. Mtazamaji hujiundia zimwi lake kichwani.

Kwa picha, simu, kibatari na gofu la mawe kule Mikindani vinatosha. Vijisenti vilivyopo vinunue maikrofoni: picha yenye chenga watu huivumilia, ila upepo ukimeza maneno, wanacheka. Zimwi la gunia nalo lionekane sekunde mbili tu, gizani, nyuma ya mkorosho.