Kamera ya dukani nayo inahitaji ulinzi

Mwenye duka Kariakoo anaweza kuwa Mbeya na bado akaona kwenye simu nani yuko kaunta na mzigo umeshushwa saa ngapi. Ni faida ya kweli. Lakini kamera iliyounganishwa na intaneti ni kompyuta ndogo, na njia anayopitia mwenye duka, mtu mwingine pia anaweza kuipitia.

Mwaka 2016 kirusi kiitwacho Mirai kilienea duniani kwa kusaka kamera, DVR (mashine inayohifadhi picha za kamera) na ruta zilizoachwa na nywila za kiwandani. Kilijaribu orodha ya nywila kama 60 hivi, zikiwemo “admin” na “12345”, basi. Tarehe 21 Oktoba mwaka huo vifaa vilivyotekwa viliielemea kwa maombi mengi kampuni ya Dyn ya Marekani, iliyokuwa ikisaidia simu na kompyuta kupata anwani za tovuti, na Twitter na Netflix, miongoni mwa nyingine, zikawa hazipatikani kwa saa kadhaa. Ukizima kamera na kuiwasha, kirusi kilifutika, maana kilikaa kwenye kumbukumbu ya muda tu; kisha kikarudi upesi, kwa kuwa nywila ilibaki ileile.

Kwa hiyo fundi asiondoke kabla hujabadili nywila kwa mkono wako mwenyewe: herufi zisizopungua 12, tofauti na ya Wi-Fi. Fundi anayewawekea wateja wote nywila moja ili asisahau amewafunga pamoja. Ikivuja kwa mmoja imevuja kwa wote. Kwenye ruta, zima mpangilio uitwao UPnP, kwani huruhusu kifaa kujifungulia mlango wa nje bila kukuuliza. Ruta ikiwa na Wi-Fi ya wageni, kamera iwekwe huko, ili ikitekwa isiifikie kompyuta ya mauzo. Sasisha programu ya kamera, na usirushe kwenye kundi la WhatsApp picha ya kibandiko chenye namba ya kifaa.

Jambo linalowaumiza wengi kimyakimya ni diski. Kamera moja inayorekodi mfululizo kwa Mbps 2 (megabiti 2 kila sekunde) hula takriban GB 21.6 kwa siku. Nne hula GB 86, hivyo diski ya TB 1 hujaa baada ya siku 11 hivi, na DVR huanza kufuta picha za zamani. Anayehesabu bidhaa mara moja kwa mwezi atagundua upotevu wakati ushahidi umeshafutika. Ama uongeze diski, ama urekodi pale tu penye mjongeo. Kagua pia saa ya DVR kila umeme unaporudi. Betri yake ndogo ikiisha, tarehe huruka, na picha yenye tarehe ya uongo ni rahisi kupingwa.

Sura ya mteja ni taarifa binafsi, na Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022. Bandika tangazo mlangoni, na chumba cha kujaribia nguo kisielekezewe kamera kabisa. Siku ya kuuza DVR, toa diski ubaki nayo, kisha rudisha mipangilio ya kiwandani na uifute DVR hiyo kwenye akaunti ya simu yako.