Mnemosyne: mlinzi wa kumbukumbu katika visa vya Wagiriki wa kale

Ukipita barabara ya Bagamoyo jijini Dar es Salaam utawasikia makondakta wa daladala wakiita "Makumbusho! Makumbusho!" Ni kituo kilicho jirani na Kijiji cha Makumbusho, na neno lenyewe linatokana na kukumbuka. Wenzetu wa Ulaya nyumba za namna hiyo huziita kwa neno lililotoka kwenye *Mouseion* la Kigiriki, yaani mahali pa Muse, miungu wa kike tisa wa ushairi, nyimbo na elimu. Mama yao Muse aliitwa Mnemosyne, na maana ya jina hilo ni Kumbukumbu. Kwa hiyo Kiswahili kimewapita mabinti wote tisa kikaenda kubisha hodi kwa mama. Tangu nilipoliona jambo hili sipiti pale bila kumfikiria mama huyo.

Hesiod, mshairi aliyeishi karibu mwaka 700 KK, anasema Mnemosyne ni binti wa Mbingu na Ardhi, mmoja wa Watitani, kizazi cha miungu waliomtangulia Zeus, mfalme wa miungu. Zeus alilala naye usiku tisa katika nchi ya Pieria, naye akazaa mabinti tisa. Kaka yake ni Kronos, ambaye jina lake linakaribiana sana na *khronos*, yaani wakati, hata Wagiriki wenyewe wakawa wanawachanganya.

Ila uhusiano wa Mnemosyne na wakati hautokani na kaka yake. Hesiod anasema mabinti zake huimba yaliyopo, yatakayokuwa na yaliyokwisha kuwa. Kumbukumbu kwa watu hao haikuwa ghala la mambo ya jana. Ilikuwa uwezo wa kuona nyakati zote kwa pamoja, uwezo ambao binadamu hana mpaka apewe.

Ndiyo maana aliyeuhitaji kuliko wote alikuwa mwimbaji. Sisi husema mali bila daftari hupotea bila habari, na mwimbaji wa enzi hizo mali yake yote ilikuwa kichwani. Homer, mshairi wa vita vya Troy, kabla ya kuwataja majemadari na merikebu zilizokwenda huko, anasimama kwanza na kuwaomba Muse: ninyi mlikuwapo na mnajua yote, sisi tunasikia uvumi tu. Mtunzi wa utenzi wa Kiswahili huanza kwa Bismillahi, kisha mara nyingi akaagiza wino na karatasi. Yule wa Kigiriki aliagiza kumbukumbu.

Hapa ndipo wengi wanapoishia wanapomweleza Mnemosyne, kana kwamba kazi yake ilikuwa kuwasaidia washairi tu. Mimi naona sura yake kamili iko Lebadeia, mji wa Boeotia, huko Ugiriki, ambao leo unaitwa Livadeia na chemchemi zake bado zinatiririka. Palikuwa na pango la Trophonius, shujaa wa kale aliyeaminika kutoa majibu kutoka chini ya ardhi, ambako watu walishuka kuuliza mambo yao. Pausanias, msafiri wa karne ya 2 BK, alishuka mwenyewe na akatuachia maelezo. Mwenye shida alikaa siku kadhaa katika nyumba maalumu, akaoga katika mto Hercyna na kutoa sadaka. Usiku wa kushuka alipelekwa kwenye chemchemi mbili zilizo karibukaribu. Kwanza alikunywa maji ya Lethe, yaani Usahaulifu, ili yote aliyokuwa akiyawaza yamtoke. Kisha akanywa maji ya Mnemosyne, ili atakayoyaona chini ayashike.

Angalia utaratibu huo. Usahaulifu hakuwa adui wa kufukuzwa. Alikuwa jirani, na zamu yake ilitangulia. Hata Hesiod anasema Mnemosyne aliwazaa mabinti zake wawe usahaulifu wa mabaya na pumziko la mahangaiko. Aliyewahi kufiwa, kisha akasikia wimbo ukamwinua kwa dakika tatu, anaelewa kisa hiki bila kufafanuliwa.

Aliyerudi kutoka pangoni alikuwa amejaa hofu, hajitambui wala hawatambui walio karibu naye. Makuhani walimkalisha kwenye kiti kilichoitwa kiti cha Mnemosyne, wakamuuliza aliyoyaona na kuyasikia, ndipo wakamkabidhi kwa jamaa zake. Baadaye akili ilimrudia, na kicheko pia. Tena alitakiwa kuyaandika yote kwenye kibao na kukiacha palepale.

Wapo waliomhitaji Mnemosyne hata baada ya kufa. Mwaka 1969, huko Vibo Valentia kusini mwa Italia, mahali palipokuwa na mji wa Kigiriki wa Hipponion, wachimbaji wa mambo ya kale walifukua kaburi la mwanamke. Ndani yake mlikuwa na kipande chembamba cha dhahabu kilichokunjwa, cha karibu mwaka 400 KK, na mstari wake wa kwanza unamtaja Mnemosyne. Maandishi yake ni maelekezo ya safari. Huko kuzimu, yanamwambia marehemu, utaikuta chemchemi penye mvinje mweupe, ambako roho nyingine hushuka kupoza kiu. Usiikaribie. Songa mbele mpaka uyakute maji baridi yatokayo kwenye ziwa la Kumbukumbu, yana walinzi, nao watakuuliza unatafuta nini gizani. Jibu la kuwapa limeandikwa pia, ili mwanamke yule asibabaike akiulizwa: mimi ni mtoto wa Ardhi na Mbingu yenye nyota, nimekauka kwa kiu, nakufa, nipeni upesi maji baridi ya ziwa la Kumbukumbu.