Mzuka ni mwanga uliochelewa njiani

Wanaosoma hadithi zangu za Ukale, bonde la kubuni lenye ukungu, huniuliza sana swali hili: kwa nini wachelewa, yaani mizuka ya bonde hilo, hawaitiki? Mtoto anamwona bibi yake akikatiza ukunguni, taa mkononi. Anaita, anaita tena, bibi hageuki. Wengi hudhani ni ukatili wangu tu. Kumbe bibi mwenyewe hayupo. Anachokiona mtoto ni mwanga ulioondoka usoni pa bibi miaka 11 iliyopita, na ndiyo kwanza unafika.

Kazi yangu ni kubuni viumbe wa dunia zisizokuwapo, na katika kazi hiyo nina sheria moja nisiyoivunja: kiumbe aruhusiwe uongo mmoja, mengine yote yafuate hesabu. Uongo wa wachelewa ni ukungu. Kuchelewa kwa mwanga ni kweli tupu. Mwanga wa jua hutufikia baada ya dakika 8 na sekunde 20 hivi. Wa Proxima Centauri, nyota iliyo jirani zaidi na jua letu, baada ya miaka 4.2, na galaksi ya Andromeda tunaiona ilivyokuwa miaka milioni 2.5 iliyopita. Anga la usiku limejaa wachelewa, ila tumewazoea.

Kuupunguza mwanga mwendo nako kunawezekana. Penye ombwe, pasipo hata hewa, hukimbia karibu kilomita 300,000 kwa sekunde, lakini mwaka 1999 mwanafizikia Lene Hau na wenzake waliupitisha katika wingu dogo la atomi za sodiamu lililopozwa hadi karibu kabisa na sifuri halisi, baridi ya mwisho isiyopitika, ukatambaa mita 17 kwa sekunde. Gari la kawaida lingeupita. Mwaka 2001 wakausimamisha kwa kitambo kidogo sana, kisha wakauachia uendelee na safari. Niliposoma hayo nilitupa rasimu yangu ya kwanza, iliyojaa mizuka myeupe inayolialia bila sababu.

Ukungu wa Ukale hauhitaji baridi ile, na hapo ndipo penye uongo wangu. Ndani yake mwanga huenda hatua moja kwa siku. Bonde lina hatua 4,000 kutoka juu hadi mdomoni, kwa hiyo taa iliyowashwa juu huonekana chini baada ya miaka 11 kasoro majuma mawili na nusu hivi.

Baada ya kuweka kanuni hiyo sikuhitaji kubuni mengi. Hesabu ziliniletea zenyewe. Aliyeketi tuli humwona mchelewa akitembea kama mtu yeyote. Akipiga hatua moja kumwendea, amekatiza mwanga wa siku nzima: alfajiri, adhuhuri na usiku vinampita kufumba na kufumbua. Ndiyo maana wapita njia wa Ukale husimulia michirizi na vimulimuli, wala hawasimulii nyuso. Nyuso ni za wanaoketi. Na hata kuketi kuna kazi yake! Tuseme hatua ni sentimita 75; basi mwanga huenda nusu milimita kwa dakika. Kifua kikipanda kwa pumzi na kichwa kikasogea milimita moja tu, umeruka dakika mbili. Basi mchelewa hutetemeka. Wenyeji husema anatetemeka kwa baridi ya kaburini, lakini anayetikisika ni mtazamaji.

Anayetoka mbio kumkimbia hupata kioja kikubwa zaidi. Anaushinda mwanga mwendo, anaupita ule uliomtangulia, na mzuka aliouacha kisogoni anaukuta mbele yake, unatembea kinyumenyume. Mwanafizikia Lord Rayleigh alishawahi kulitaja jambo la aina hii kuhusu sauti: msikilizaji anayeuacha muziki kwa mwendo wa mara mbili ya mwendo wa sauti angeusikia kwa mapigo yake sahihi, ila kuanzia mwisho kwenda mwanzo. Nilipoifikia hesabu hiyo nilicheka peke yangu. Watu wamekuwa wakisimulia tangu zamani kwamba ukimkimbia mzuka utamkuta mbele, nami sikudhani ningekuja kuikuta kwenye karatasi yangu ya hesabu.

Kuhusu rangi nimedanganya, nakiri. Kwa hesabu kali, anayeukimbilia mwanga mzito namna hiyo angepigwa na miale mikali kama ya eksirei, na mhusika wangu mkuu angekufa ukurasa wa tatu. Nimelifumbia macho hilo.

Bado kuna swali la kama wachelewa ni viumbe kweli. Mwanga unaosafiri miaka 11 ndani ya ukungu ungefifia ukaisha, kwa hiyo ukungu wenyewe niliupa uhai. Niliuazima kwa dinoflajelati, vijidudu vya baharini vinavyoyang'arisha mawimbi usiku. Vina saa ndani yao: baadhi yao, hata vikiwekwa maabara kwenye mwanga hafifu usiobadilika, huendelea kung'aa zaidi saa za usiku kwa siku kadhaa. Vidudu vya ukungu wangu hupokea mwanga uliochoka na kuuwasha upya kama ulivyokuja, kasoro kidogo. Kope ndizo hupotea kwanza, halafu vidole hushikamana. Mchelewa aliyefika mdomoni mwa bonde amenakiliwa mara nyingi mno, na makosa yake yamekuwa mwili wake. Kwangu mimi, kitu kinachojirudufu na kukosea kinastahili kuitwa kiumbe.

Katika sura ninayoandika sasa yumo mjane. Mumewe aliwasha moto juu ya bonde jioni moja, akaota mikono, akacheka na mtu asiyeonekana. Basi. Jioni hiyo hupita mahali pamoja mara moja tu na haiwangoji watu. Kwa hiyo kila magharibi mjane huchukua kigoda chake, hukisogeza hatua moja kuelekea mdomoni, huketi, hubana pumzi, na jioni ileile humkuta pale. Sasa mume hana vidole wala kope, na kicheko chake kimekuwa mwanya mweupe unaofunguka na kufungika. Mjane hajaona tofauti yoyote, maana kila siku ilipungua kidogo tu. Kigoda kiko hatua ya 3,998.